Mkono Ulionunua Ng'ombe

Katika ukoo wetu watu wengi wamekwenda kuomba wake, na wote walijadiliwa na wakwe zao. Mmoja alijadiliwa dini, mwingine ulevi, mwingine mke wa kwanza aliyefichwa Kinshasa. Mimi nilijadiliwa mkono. Na si mikono yote miwili, mmoja tu, wa kushoto. Mkono huo umenilisha, umenivika, umenijengea nyumba mahali tambarare katika mji wa Bukavu ambao hauna tambarare, umenipatia na diploma ya ukocha yenye muhuri. Alasiri moja huko Walungu, mkono huohuo ulikaribia kuninyima mke.

Kabla ya kufika Walungu, msomaji aujue mkono wenyewe. Si mkono wa kawaida. Nasema hivyo bila kujisifu. Haya, najisifu kidogo, lakini nani mwingine atanisifu? Shirikisho la michezo?

Nilizaliwa Kadutu, mtaa wa Bukavu, kwenye ule mteremko ambako bati la nyumba yako liko usawa wa mlango wa jirani, na mvua ikinyesha sana unapokea vyombo vya watu wa juu bila kuagiza. Tangu nishike kijiko nilikishika kwa kushoto. Bibi yangu mzaa mama, mwanamke wa Kabare aliyekuwa na imani tele na subira haba, alinifunga mkono huo kwa kipande cha kitenge kila tulipokaa kula. Alinifunga kama mtu anayefunga kuku wa kupeleka sokoni. Kwetu mkono wa kushoto ni wa chooni. Ukimsalimu mtu nao, umemtukana. Ukipokea nao chakula, umemwambia aliyekupa kwamba yeye na chakula chake wanajuana na choo.

Katekista naye aliongeza ya kwake. Alitufundisha kwamba siku ya hukumu kondoo watakaa kuume na mbuzi watakaa kushoto, kisha mbuzi wataingia motoni. Niliuliza kama ni motoni kwa kuchomwa vizuri na pilipili, kama wale tunaowala Noeli. Alinipiga kofi. Kwa mkono wa kuume, bila shaka. Alikuwa mtu wa misimamo.

Shuleni nilitaka kucheza kandanda kama watoto wote, lakini miguu yangu na mpira havikupatana. Nilikuwa wa mwisho kuchaguliwa, na siku nyingine waliona afadhali wapungukiwe mtu mmoja. Karibu na shule yetu ilikuwa shule ya wasichana ya masista, yenye uwanja wa sementi na magoli mawili madogo ya chuma. Ndiko wasichana walikocheza mpira wa mikono. Mtaani kwetu kila mtu alijua kwamba huo ni mchezo wa wasichana na masista, kama kufuma vitambaa.

Siku moja nilikuwa nimekaa juu ya ukuta wao nikila muwa. Mwalimu wao wa michezo alikosa mtu wa kumfanyisha mazoezi golikipa. Akaniona.

"Weye wa muwa! Kuya hapa. Tupa huu mupira kwa goli."

Nikashuka, nikatupa. Golikipa hakusogea. Si kwamba aliogopa, hakuona kitu.

"Tena," mwalimu akasema.

Nikatupa tena. Golikipa akasema kwa sauti kwamba yeye anaenda nyumbani.

"Unatupa na mukono gani?"

Nikauficha nyuma ya mgongo. Mwalimu akacheka mpaka akaegemea mlingoti wa goli.

"Usiufiche, bwana. Kwa huu muchezo mutu wa kushoto eko kama zahabu ya Luhwindja. Tofauti ni moja, weye hatukuchimbe, weye umejileta."

Akanieleza kwa chaki juu ya sementi. Anayetumia mkono wa kuume, akisimama upande wa kuume wa uwanja, anaona mlingoti zaidi ya goli. Wa kushoto akisimama palepale, goli lote linamfungukia kama mlango wa duka asubuhi. Timu zote duniani, akasema, zinatafuta watu wa kushoto, na hawapatikani, kwa sababu kila bibi duniani ana kipande cha kitenge. Huyo ndiye mtu mzima wa kwanza aliyeniambia kwamba kitu nilichofungwa kamba kingeweza kunifungua.

Wenzangu mtaani walinitania miaka. Nikipita na kaptula wanapiga vigelegele: "Dada yetu! Leo munacheza na masista ya wapi?" Nilikuwa najibu kwamba leo tunacheza na dada zenu, na wanawasalimu. Wengi wao leo wanaendesha pikipiki za watu wengine. Siwacheki. Nawaambia tu waendeshe polepole wakipita mbele ya nyumba yangu, wataona vizuri zaidi.

Nilichaguliwa timu ya jimbo, nikapelekwa Kinshasa kwa ndege, safari yangu ya kwanza hewani. Viongozi walikuwa wengi kuliko wachezaji. Wao walilala hoteli, sisi tulilala darasani juu ya madawati yaliyounganishwa, na asubuhi kiongozi mmoja alikuja kutuuliza kama tumelala kizalendo. Lakini huko aliniona mtu wa klabu moja ya Afrika ya kaskazini. Alikuwa amekuja kutafuta mtu mrefu. Akanikuta mimi, si mrefu sana, nikitupa kwa kushoto kutoka upande wa kuume. Akasahau urefu.

Hakuna mjomba aliyenipeleka, wala chama, wala mchungaji aliyeniombea kwa kulipwa. Nilijipeleka. Huko kaskazini nilijifunza kazi kwa kuumia. Watu huona mechi wakadhani mpira wa mikono ni kutupa. Kutupa ni sehemu ndogo. Sehemu kubwa ni kugongana na wanaume wenye vifua kama kabati, kuanguka, kuamka kabla mwamuzi hajakusahau, na kurudi kujilinda huku mapafu yako yakiomba talaka. Baadaye nikaenda Ufaransa, mji mdogo wenye mvua nyembamba isiyoisha, tofauti na mvua yetu ya Bukavu inayokuja kwa hasira, inamaliza na kuondoka kama mtu mwenye adabu. Nilicheza ligi ya pili. Msiseme "ya pili tu." Nani katika ukoo wenu alicheza hata ya kumi?

Kule tulipaka gundi vidoleni, utomvu mzito, ili mpira ukae mkononi. Gundi hiyo haitoki. Niliwahi kwenda ofisini kufanyiwa hati za ukaazi, mashine ya alama za vidole ikakataa mkono wangu wa kushoto. Yule mama wa ofisi akapangusa kioo, akajaribu tena, akaniuliza nafanya kazi gani. Nikamwambia mimi ni mchezaji. Akauliza mchezaji wa nini, wa kuoka keki? Ilibidi aende kutafuta mafuta ya kula jikoni kwao ili Ufaransa ijue mimi ni nani.

Vidole vyangu vilivunjika, vikaungwa, vikavunjika tena. Kidole cha kati kinaangalia upande wake, hakifuati wenzake. Bega linanitabiria mvua kuliko redio. Nilipoona kwamba vijana wanaanza kunipita kwa mbio, sikungoja kocha aje kunishika bega na kunionea huruma. Nikaingia darasani. Jioni mazoezi, mchana masomo, mpaka nikapata diploma ya ukocha. Iko ukutani sebuleni, ndani ya fremu, usawa wa macho ya mtu aliyekaa. Wageni wengine huomba kiti kingine.

Kisha nikarudi Bukavu. Wengi wanaorudi hurudi wamefukuzwa, au wamefilisika, au wameletwa ndani ya sanduku. Mimi nilirudi nimelipa tiketi mwenyewe, kwa pesa yangu. Mtaani walinipokea kwa furaha, na furaha ikaisha walipouliza nilicheza timu gani ya kandanda.

"Si kandanda. Mpira wa mikono."

"Ah," wakasema, wakaangalia ziwa.

Mama yangu, anayeuza vitenge sokoni Kadutu, alikuwa na maelezo yake kwa wateja: "Mutoto wangu anatupaka mupira, bazungu banaukosa, banamulipa." Hakuna kocha aliyewahi kuueleza mchezo vizuri hivyo kwa maneno machache hivyo.

Nikaanza kufundisha wasichana kwenye uwanja uleule wa sementi. Mke wangu nilimpata hapo, kwa kombora. Nilikuwa nawaonyesha namna ya kutupa ukiwa hewani, mpira ukapita juu ya goli, ukavuka ukuta, ukatua katika ua wa ofisi ya shirika moja la misaada, juu ya sahani ya sombe, kisamvu chetu, ya mhasibu wao. Mhasibu akaja mwenyewe, mpira kwapani, sombe kwenye blauzi.

"Ni nani hapa anarushaka mabomu?"

Wasichana wote wakaninyooshea kidole. Sijawahi kuona timu yenye umoja kama ule.

Nikataka kumlipa sombe, akaniambia haikuwa sombe ya mkahawa, ilikuwa ya mama yake. Nikasema basi nitalipa kwa mama yake. Mambo yakaenda. Ni mwanamke msomi, mcheshi, mwenye jicho la kuona uongo hata ukiwa umepangwa katika safu. Aliniambia jambo moja waziwazi tulipofika mahali pa kusema waziwazi: "Mimi sitoke kwetu kwa dirisha. Papa akikubali, tunaoana. Papa akikataa, imeisha, na usinipigie tena simu. Nakupenda, lakini papa wangu ni mumoja."

Nilimwamini. Nimecheza na watu wa kila aina, najua anayetisha tu na anayemaanisha.

Baba yake alikuwa mkulima wa Walungu, mtu wa mihogo, maharage na misa ya asubuhi. Baba yangu alifariki zamani, kwa hiyo msemaji wetu akawa baba yangu mdogo, fundi cherehani, mwenye sauti ya kwaya na moyo wa sungura. Jioni ya kabla ya safari alikuja kunipa masharti.

"Kule hauseme. Mukwe hasemake. Mimi ndiye musemaji. Bakiuliza kazi, nitasema uko kocha mwenye diploma. Sitasema mambo ya kutupatupa."

"Sawa, Papa mudogo."

"Na huo mukono wako, uweke mu mufuko. Tangu tunaingia mpaka tunatoka. Nitakuwa naangalia."

"Na nikipewa kinywaji?"

"Mikono miwili, kama mila inasema, lakini kuume ndiyo itangulie. Kushoto isindikize tu. Inyamaze kama bibi-arusi."

Tukatoka asubuhi, gari langu mbele, Fuso la kukodi nyuma, na ndani ya Fuso ng'ombe. Nilimchagua mwenyewe, mweusi mwenye baka jeupe kwenye paji la uso, ngozi inang'aa kama kiatu cha askofu. Kila tulipopunguza mwendo barabarani watu walimsalimu yeye kabla yangu.

Walungu walitupokea vizuri. Sebule ilikuwa imejaa viti vya plastiki, vitambaa vyeupe juu ya viti, picha ya Moyo Mtakatifu ukutani. Upande mmoja sisi, upande mwingine wao. Bibi-arusi alikuwa amefichwa chumbani na shangazi zake, kama inavyotakiwa. Baba yake alikaa katikati, mkongwe mwembamba mwenye kofia mkononi, hasemi. Msemaji wao alikuwa kaka yake mkubwa, baba mkubwa wa bibi-arusi. Huyo ndiye aliyesimamia pombe ya ndizi, kasiksi, na kwa jinsi macho yake yalivyong'aa, alikuwa ameisimamia kwa karibu sana tangu asubuhi.

Mazungumzo yalikwenda. Baba yangu mdogo alisifu milima yao, hali ya hewa yao, mihogo yao, mpaka nikaanza kuogopa atawaoa yeye. Ng'ombe alipita mbele ya dirisha, kila mtu akageuza shingo, na kutoka chumbani nikasikia shangazi mmoja akisema, "Ee Mungu, na iko na baka!" Mkono wangu ulikuwa mfukoni. Nikafikiri mechi imeisha.

Ndipo baba mkubwa aliposimama na kibuyu cha ukoo. Kilikuwa kibuyu cha zamani, cheusi kwa moshi, shingo yake imezungushiwa shanga. Wakwe hunyweshwa kutoka humo, na hapo ndipo ndoa huanza kuwa ndoa. Wazee husema kibuyu hicho kikianguka siku ya posa, ndoa imeanguka nacho. Watu hurudi makwao na ng'ombe wao. Alikibeba kwa mikono miwili, akatembea kwa heshima kubwa, akajikwaa kwenye mguu wa kiti cha plastiki. Kibuyu kikaruka.

Sikufikiri. Miaka yote ile ya mazoezi ilikuwa kwa ajili ya kutofikiri. Nilijikuta niko chini, goti moja juu ya sementi, na kibuyu kimekaa katika kiganja changu, wima, kimejaa. Yalimwagika matone machache juu ya kiatu cha baba yangu mdogo. Katika kazi yangu yote sijawahi kudaka namna ile, na nimewahi kudaka mbele ya televisheni. Nikainua uso nikitegemea makofi.

Shangazi mmoja aliyekuwa akichungulia mlangoni akasema neno moja tu:

"Kushoto!"

Nikaangalia mkono wangu. Ulikuwa umetoka mfukoni bila ruhusa.

"Kushoto!" baba mkubwa akanguruma kutoka sakafuni alipokuwa bado amelala. "Ameshika pombe ya babu zetu na mukono ya choo! Mu nyumba yetu! Mbele ya Moyo Mutakatifu!"

Kelele zikapanda. Mmoja akasema ni laana. Mwingine akasema ni Ulaya, ambayo kwake ilikuwa jambo lilelile. Tukaombwa kwa adabu kali tutoke nje, ili wao wajadiliane. Tukasimama kando ya Fuso, mimi, baba yangu mdogo na ng'ombe.

Baba yangu mdogo alitoa leso mfukoni akaanza kuipasua kwa meno.

"Leta mukono ya kuume. Tunaufunga bandeji. Nitasema umeteguka, ndiyo maana ulitumia ya kushoto. Kisha utapiga magoti, utaapa ya kwamba tangu leo kushoto haitafanya kazi tena, hata kushika kikombe. Banataka hivyo, nimesikia kwa mulango. Uape, tutapewa binti, tutarudi kwetu."

"Siwezi, Papa mudogo."

"Kuapa ni sekunde!"

"Hii mukono ndiyo ilinunua huyu ng'ombe."

"Nyamaza," akanong'ona, akimwangalia ng'ombe, "atasikia!"

"Kama mukono ni muchafu, basi ng'ombe ni muchafu, na gari, na nyumba, na hii suti yako niliyokununulia. Tutarudi na vyote."

Akaishika suti kifuani kwa mikono miwili. "Unataka kurudisha ng'ombe Bukavu na nani? Chofa wa Fuso ameisha kwenda kunywa!"

Sikuwa natania. Niliogopa, msomaji asidhani sikuogopa. Nilijua yule mwanamke chumbani hatatoka kwa dirisha. Neno moja la baba yake, na simu yangu ingekuwa chuma tu. Kiapo kile kingenipatia mke jioni hiyohiyo. Lakini nilijiona kesho yake asubuhi, mbele ya wasichana wangu kwenye sementi, nikiwaonyesha kutupa kwa mkono wa kuume kama mtu anayefukuza nzi. Sikupita kote nilikopita ili nije kufungwa kitenge tena, safari hii na watu wazima.

Tukaitwa ndani. Baba mkubwa, sasa ameketishwa, akasoma hukumu: niape, nitoe mbuzi wa kusafisha kibuyu, na mkono wa kushoto ustaafu. Baba yangu mdogo akafungua kinywa. Mimi nikakifungua kabla yake, jambo ambalo mkwe hafanyi.

"Bazee wangu, mbuzi nitatoa hata mbili. Kuapa, hapana. Hii mukono ndiyo kazi yangu. Nikiapa, binti yenu mutamupa mutu asiye na kazi."

Baba yangu mdogo akafumba macho kama aliye kwenye ndege inayoshuka vibaya.

"Mumesikia?" baba mkubwa akasema. "Anatujibu! Kushoto inashika, na kinywa inajibu!"

Hapo pazia la chumbani likasogea na bibi-arusi akatoka. Hakutakiwa kutoka. Shangazi mmoja alikuwa bado ameshika mkanda wake, akivutwa nyuma yake kama boti. Alipiga magoti mbele ya baba yake, akainamisha kichwa, kwa adabu zote za nyumba ile, na akasema kwa sauti ya mhasibu anayesoma hesabu:

"Papa, naomba niulize kitu kimoja tu. Kibuyu, nani aliiangusha?"

Baba mkubwa alianza kuchunguza viatu vyake.

"Kibuyu ikianguka, mulinifundisha tangu niko mutoto, ndoa inaanguka. Papa mukubwa aliiangusha. Hii ndoa ilikuwa imeisha kuanguka. Sasa anayelipa mbuzi ni aliyeangusha ao ni aliyedaka?"

"Eh!" shangazi wa mkanda akasema, na akauachia mkanda.

"Nilisukumwa na kiti," baba mkubwa akasema.

"Kiti haikunywa," mtu mmoja akajibu kutoka nyuma, na kicheko kikapita chini chini, kila mtu akimeza cha kwake.

Baba wa bibi-arusi alikuwa hajasema neno tangu tulipofika. Akaweka kofia yake juu ya goti, akanipungia.

"Kuya hapa. Leta mikono. Yote mbili."

Nikapiga magoti mbele yake karibu na binti yake, nikampa mikono. Aliishika kama mtu anayepima mihogo sokoni. Mkono wa kuume akaugeuza, akauminya kiganja, akauachia. Wa kushoto akakaa nao. Akapapasa kidole cha kati, kile kinachoangalia upande wake.

"Hiki kilipata nini?"

"Kilivunjika, Papa. Mara ya kwanza mupira, mara ya pili mutu."

"Mutu gani?"

"Mukubwa kama huu mulango."

"Na hiki kidogo?"

"Nilianguka juu yake. Nikaendelea kucheza, kikaunga vibaya."

"Kwa nini uliendelea?"

"Tulikuwa tunashindwa, Papa."

Akatikisa kichwa polepole. Akaendelea kupapasa, kiungo kwa kiungo, makovu, ngozi ngumu chini ya vidole.

"Na banakulipa ili bakuvunje vidole?"

"Banalipa ili nitupe, Papa. Kuvunja ilikuwa ya bure."

Kwa mara ya kwanza nikaona meno yake, machache. Akainua mikono yangu miwili ili ukumbi wote uone, kama padre anayeinua sadaka.

"Huu wa kushoto umefanya kazi," akasema. "Umelima. Sijue umelima nini, lakini umelima. Huu wa kuume," akauangalia kwa masikitiko, "huu ni wa padiri."

Watu wakacheka. Katekista wa huko, aliyekuwa amekaa karibu na mlango, akakohoa na kuficha mikono yake.

"Na mila?" baba mkubwa akauliza. "Tutaitupa?"

"Mila inasema kibuyu ikianguka, ndoa inaanguka. Iko wapi kibuyu?"

Kilikuwa mezani, wima, shanga zake shingoni.

"Ilianguka?"

"Iliruka," baba mkubwa akasema.

"Ilifika chini?"

Baba mkubwa akakiangalia kibuyu.

"Haikufika."

"Basi." Mzee akavaa kofia yake. Kisha akamwangalia binti yake, si mimi. "Unamutaka na huo mukono wake?"

"Namutaka nao, Papa."

"Mbuzi tutatoa sisi," mzee akasema. "Sisi ndio tuliangusha. Leta kibuyu. Na weye, kaka, kaa. Nitabeba mwenyewe."

Akanipa. Nilipokea kwa mikono miwili, na sikuangalia ni upi uliotangulia, wala yeye hakuangalia. Nilikunywa hadi chini, kwa sababu hivyo ndivyo inavyotakiwa, ingawa kasiksi ya baba mkubwa ilikuwa chachu ya kukunja ulimi. Mke wangu, bado amepiga magoti, alikuwa akiniangalia uso ili aone kama nitadanganya. Baba yangu mdogo akauliza, kwa sauti yake nzuri ya kwaya, kama mbuzi huyo ataliwa leo nasi tukiwepo, na amefungwa wapi.